Chapa ya Nani? Sinema Bubu Yajadiliwa Nakalale

Hoja iliyo mezani ni hii: sinema ya Kimarekani The Scarlet Letter, ya mwaka 1926, isiyo na sauti wala rangi, je, ioneshwe Nakalale, Turkana, usiku mmoja, kwenye shuka jeupe, mbele ya kila atakayekuja? Na ikioneshwa, iachwe bubu kama ilivyozaliwa, au itiwe maneno na mtafsiri, kama ilivyo desturi ya vibanda vyetu vya video?

Meza yenyewe ni ya kubuni, na walioizunguka nimewabuni mimi. Hoja zao lakini si ngeni kwa mtu aliyewahi kukaa kati ya Lodwar na Kakuma akafungua masikio. Yupo Mwalimu, anayefundisha fasihi katika shule ya upili mjini Lodwar. Yupo Mtafsiri, ambaye hutia sauti muvi za kigeni katika kibanda kimoja cha Kakuma. Yupo Mama, mtunga shanga wa Nakalale, mwenye mabinti wanaosoma. Yupo Mzee, mfugaji, ambaye hakuitwa ila alikuwa ameshaketi tulipofika. Na yupo Kijana, mzaliwa wa Bukavu aliyekulia kambini Kakuma, ambaye siku hizi hupiga picha za video za harusi. Walisalimiana kwa "ejoka", wakajibiana "ejok-noi", kisha mambo yakaanza.

MWALIMU: Kwa wasioijua hadithi, nitaikata fupi. Mji ni Boston, miaka ya 1640, mikononi mwa Wakristo wakali walioitwa Wapuritani. Mwanamke mmoja, Hester Prynne, amezaa, na mumewe hajulikani aliko. Wanamsimamisha jukwaani mbele ya mji mzima akiwa na mtoto mchanga mikononi. Kifuani amewekewa herufi A, alama ya uzinzi, ambayo ataivaa siku zote. Wanamtaka amtaje baba wa mtoto. Anakataa. Baba mwenyewe ni mchungaji wa kanisa, Arthur Dimmesdale, na ndiye huyo huyo anayetumwa kumsihi amtaje mwanamume. Kisha mume anatokea, tabibu mzee, anaficha utambulisho wake, na anaanza kumtesa mchungaji polepole. Mwisho mchungaji anapanda jukwaani kwa hiari yake, anafungua kifua mbele ya watu, na anafia mikononi mwa Hester.

MTAFSIRI: Ngoja kwanza, Mwalimu. Staring anakufa? Nikionesha muvi staring akafa, watu wanadai pesa zao. Staring hafi. Hiyo ni sheria ya kibanda.

MWALIMU: Nani amekwambia mchungaji ndiye staring? Jina lililouza tiketi mwaka ule lilikuwa Lillian Gish, aliyeigiza Hester. Na Hester hafi. Tena bila yeye sinema isingekuwepo. Riwaya ya Nathaniel Hawthorne ilichapishwa 1850 na ilikuwa inasomwa shuleni, lakini wenye studio waliogopa makanisa na vyama vya akina mama, waliohesabu hadithi hiyo miongoni mwa zisizofaa kuoneshwa. Gish aliwaandikia mwenyewe, akasema yeye ndiye atakayebeba dhamana kwamba itatengenezwa kwa heshima. Wakakubali, na MGM wakaitengeneza.

MAMA: Yaani ilibidi mwanamke aombe ruhusa kwa makanisa ili aigize mwanamke aliyeaibishwa na kanisa.

MWALIMU: Ndivyo.

MAMA: Basi haijawa ya zamani sana.

Mama ana haki ya kusema hivyo. Mwaka 2018 Bodi ya Uainishaji wa Filamu Kenya iliipiga marufuku Rafiki, sinema ya Wanuri Kahiu iliyotokana na hadithi fupi ya Monica Arac de Nyeko wa Uganda, inayohusu wasichana wawili wanaopendana na mtaa unaowageuka. Ilikuwa sinema ya kwanza ya Kenya kuchaguliwa kuoneshwa katika tamasha la Cannes. Kahiu alieleza hadharani kwamba bodi ilimtaka abadilishe mwisho, kwa sababu wasichana wale hawakuonekana wakijutia vya kutosha. Septemba mwaka huo mahakama iliruhusu ioneshwe kwa siku saba. Nimeileta hapa kwa sababu moja tu: neno lile la kujuta. Wapuritani wa Boston hawakutosheka na kosa kuonekana. Walitaka na majuto yaonekane, yawe na mahali pa kusimamia na saa maalumu, watu wakiangalia.

MZEE: Mimi nina swali dogo. Hiyo alama ya kifuani ni chapa ya ukoo gani?

MWALIMU: Si ya ukoo, mzee. Ni herufi. A, ya kwanza katika alfabeti. Ni mwanzo wa neno la Kiingereza la uzinzi.

MZEE: Wewe unaijua kwa sababu ulisoma. Mimi nitakaa pale mbele na wenzangu, na wengi wetu hatukusoma. Tutaona mtu amewekewa alama. Sisi alama tunazijua. Ngamia wangu ana chapa, ng'ombe wangu ana chapa, na hata akipotea hadi Lokichoggio atajulikana ni wa ukoo gani. Kwa hiyo nikimwona huyo mwanamke nitauliza: wameandika kwamba ni wa nani?

MTAFSIRI: Hiyo ndiyo kazi yangu, mzee. Nitakwambia.

MZEE: Usiniambie haraka. Mwalimu, huyo mchungaji anafungua kifua anaonesha nini?

MWALIMU: Herufi ile ile. Katika kitabu Hawthorne anaacha shaka. Wengine waliokuwepo wanadai waliona alama, wengine wanaapa hawakuona kitu. Sinema haiachi shaka. Amejichoma kifuani mwenyewe, na tunaiona.

MZEE: Amejichoma kwa chuma cha moto?

MWALIMU: Ndiyo, mzee.

MZEE: Basi mimi nimeielewa hata kabla ya kuiona. Wana chapa moja. Kwetu mwanamke akiolewa huingia katika ukoo wa mume. Huyo bwana hakupeleka mifugo, hakuchinja, hakusimama mbele ya wazee, lakini mwishoni anajitia chapa ya yule mwanamke, anaonesha watu. Hiyo ni ndoa. Ya ajabu, imechelewa, yeye ndiye aliyehamia kwa mke, lakini ni ndoa.

Mwalimu alinyamaza kidogo. Yamekwisha andikwa mengi mno kuhusu herufi hiyo, vitabu na vitabu, na wengi waliosoma riwaya darasani waliambiwa wahesabu maana zake. Sijawahi kusikia tafsiri iliyonyooka kama hii. Inafaa sinema hii kuliko hata riwaya, kwa sababu picha ni ya rangi nyeusi na nyeupe: wekundu uliolipa jina kitabu haupo. Kinachobaki ni umbo lililobandikwa kifuani mwa mtu, na anayelitazama aseme ni nini.

MAMA: Na mimi niseme ninavyoiona. Huyo mwanamke alama yake aliishona mwenyewe?

MWALIMU: Ndiyo, Mama. Kitabuni anaitarizi kwa uzi wa dhahabu, ikawa nzuri kupita kiasi, hadi wanawake wa mji wakakasirika. Anaishi kwa sindano, akiwashonea watu wale wale waliomhukumu.

MAMA: Basi mabinti zangu watamwona na kusema, huyu amependeza. Sisi kifua hakikai bure. Shanga za msichana si shanga za mwanamke aliyeolewa, na pete ya shingoni inamwambia mgeni anaongea na nani. Wakimwona mwanamke ana pambo kubwa kifuani na watu wamemkusanyikia, watadhani ni arusi. Utahitaji kuwaeleza kwamba watu hawa wamekuja kumdharau.

KIJANA: Nyuso zitawaeleza. Hilo ndilo linanifurahisha mimi na sinema bubu. Mwalimu, waambie ile ya lugha.

MWALIMU: Ya Hanson. Mwigizaji aliyekuwa mchungaji aliitwa Lars Hanson, Msweden, na hakujua Kiingereza. Mwongozaji pia alikuwa Msweden, Victor Sjöström. Gish mwenyewe ndiye aliyemtaka Sjöström, kwa kuwa aliona watu wa kaskazini ya Ulaya wako karibu zaidi na tabia ya Wapuritani kuliko Wamarekani wa siku zake. Basi wakati wa kupiga picha Hanson alisema maneno yake kwa Kiswidi, na Gish akamjibu kwa Kiingereza. Kamera haikusikia, kwa hiyo haikujali.

KIJANA: Hiyo ni Kakuma! Mimi nimepiga harusi ambapo wazazi wa bwana harusi wanaongea Kirundi, wa bibi harusi Kiswahili cha Kongo, jirani wa Kidinka anashangilia kwa chake, mpishi ni Mturkana, na hakuna aliyekosa kuelewa kwamba shangazi amekasirika. Kambi hii ipo tangu 1992. Watu wamekuja kutoka Sudan, Somalia, Ethiopia, Kongo, Burundi. Shirika la FilmAid limekuwa likionesha sinema hapa tangu 2001, kwenye skrini ya nje, usiku, watu wakikaa chini vumbini. Sisi tumezoea kuangalia mdomo wa mtu ukisema lugha ambayo si yetu. Ukitia sauti ya mtu mmoja juu, umechagua lugha moja, na nusu ya watu umewaondoa.

MTAFSIRI: Umesema vizuri, ndugu yangu, lakini umesahau kitu. Hiyo sinema si bubu.

KIJANA: Vipi?

MTAFSIRI: Ina maandishi. Nimeitazama kwenye simu. Mtu anafungua mdomo, halafu picha inakatika, inakuja karatasi nyeusi yenye Kiingereza: amesema hivi. Kwa hiyo mwalimu na daktari na watu wa mashirika watakaa pale nyuma kwenye viti vya plastiki, watasikia kila kitu kwa macho yao. Mzee na Mama watakaa mbele na kuambiwa, furahieni nyuso. Hiyo ndiyo mnaiita heshima kwa sanaa? Mimi nikiingia na maikrofoni yangu, wote tunakuwa sawa.

Hapa Mtafsiri alipata makofi, nami nilimpa langu. Watetezi wa ububu husahau mara nyingi kwamba sinema zile hazikuoneshwa kimya hata siku zake. Marekani palikuwa na kinanda, au bendi nzima katika majumba makubwa. Japani palikuwa na msimulizi, benshi, aliyesimama kando ya skrini na kuigiza sauti za wote. Watu walikwenda kwa ajili ya benshi kuliko kwa ajili ya sinema. Hapa kwetu DJ Afro amewapa Wakenya wengi sinema za Hong Kong na India kwa Kiswahili cha mtaani, na wapo ambao hawajui kwamba sinema hizo zina sauti nyingine. Tanzania walikuwa na Lufufu. Kwa hiyo swali la kweli ni nani atakayesema, na atasimama upande gani.

MWALIMU: Hilo ndilo linanitisha. Mnakumbuka, au hamkumbuki kwa kuwa hakuna aliyewafundisha, kwamba sinema zilizotengenezwa kwa ajili yetu Afrika Mashariki zilianza hivyo hivyo? Kati ya 1935 na 1937, kule Vugiri, milima ya Usambara, Waingereza waliendesha jaribio la sinema za mafunzo kwa Waafrika. Walitengeneza sinema kama 35. Walizizungusha kwa lori Tanganyika, Kenya, Uganda, hadi Nyasaland na Rhodesia ya Kaskazini. Picha hazikuwa na sauti yake. Maelezo yalirekodiwa kwenye santuri, kwa Kiswahili na lugha nyingine. Lipa kodi. Weka akiba posta. Jihadhari na minyoo. Picha inaonesha mtu, na sauti kutoka juu inasema mtu huyu ni mjinga, yule ni mwerevu. Tulianza kuona sinema huku tukiambiwa cha kuona. Sasa leo Nakalale, mwanamke amesimama jukwaani, na sauti kutoka kwenye spika itatuambia yeye ni nani. Tumetoka wapi?

MTAFSIRI: Mwalimu, mimi si serikali ya mkoloni. Mimi nina jenereta ya kukopa.

MAMA: Wewe si mkoloni, mwanangu, lakini nimekusikia kibandani. Nilipita nje nikasikia unavyosema akitokea mwanamke. Vijana wanacheka sana. Kila mwanamke kwako ni mwenye tamaa au ni mwenye kelele. Sasa huyu wa Boston akisimama pale na mtoto, utasema nini? Utatupa mzaha, watacheka, na hapo watu wote wa Nakalale watakuwa wamekuwa watu wa Boston. Wewe ndiye utakuwa umewageuza.

Mtafsiri hakujibu hilo mara moja. Sidhani lina jibu jepesi. Katika riwaya, kabla Hester hajatoka gerezani, tunawasikia wanawake nje wakizungumza, na mmoja wao anaona adhabu ni ndogo. Yeye angependa apigwe chuma cha moto kwenye paji la uso. Mwanamke huyo hana mamlaka yoyote mjini. Ana mdomo tu. Sheria ilitoa kipande cha nguo. Mdomo ule, na midomo mingine, ndiyo iliyokifanya kuwa adhabu. Ukiwaondoa waliokusanyika, unabaki na mwanamke mwenye tarizi nzuri.

KIJANA: Na leo wamepata kamera. Mnakumbuka Novemba 2014, yule mwanamke aliyevuliwa nguo na wanaume kwenye stendi ya matatu Nairobi, eti amevaa vibaya? Waliomvua ndio walioshika simu. Mimi nikiwa mpiga picha niliwaza sana. Wanawake wakaandamana, tarehe 17, wakisema nguo yangu ni chaguo langu. Lakini ile video ilikuwa imeshafika Kakuma kabla ya maandamano. Sinema ya 1926 kamera haikai ndani ya watu wanaozomea. Inakuonesha uso wa Gish, unawaona wale wengine wote wamejaa, na unajua wewe si mmoja wao.

MWALIMU: Kuna na jambo jingine ambalo Sjöström alifanya, na mwandishi wake Frances Marion. Riwaya inaanzia mlango wa gereza. Mambo yameshatokea, wewe msomaji unafika pale pamoja na wale wanaomtazama, hujui kitu, unauliza kama wao, baba ni nani? Sinema inaanza mapema. Ndege wa Hester anatoroka kwenye tundu siku ya Sabato, Hester anamkimbilia msituni, anaadhibiwa kwa kukimbia siku takatifu, miguu imefungwa katika mbao mbele ya watu. Mchungaji anamletea maji. Tunawaona wakipendana. Tukifika jukwaani sisi tunajua kila kitu, na watu wa mji hawajui. Huwezi kuzomea pamoja na mtu ambaye unajua zaidi yake.

MAMA: Hapo umenishika. Kumbe haifichi mwanamume.

MZEE: Lakini mji unamficha. Hilo ndilo sielewi hata kidogo. Watu wazima, wana wazee, wana mahakama, na mtoto yupo mbele yao, hawawezi kumpata baba? Sisi msichana akipata mimba kabla ya kuolewa, kabla hajazaa tunajua ni nyumba gani inadaiwa. Lazima tujue! Mbuzi watatoka wapi? Ngamia atatoka wapi? Baba wa kijana atakuja kukaa chini ya mti na ataongea. Aibu ni yake. Ni yeye anayeondoka na mifugo iliyopungua. Hao wa Boston wamemsimamisha mwanamke jukwaani, wamepata nini? Mtoto amepata nini? Wamepata kitambaa.

MAMA: Mzee wangu, kwa heshima. Mbuzi hao wanakwenda kwa nani?

MZEE: Kwa baba wa msichana.

MAMA: Kwa baba. Sasa uliza msichana amepata nini. Amebaki nyumbani na mtoto mgongoni, wenzake wamekwenda shule. Mbuzi wamekwisha hesabiwa, kesi imefungwa, wanaume wamepeana mikono. Na siku hizi hata hao mbuzi hawapo. Huu ukame uliotupiga kutoka 2020, mvua zikakosa misimu mitano, mizoga ikajaa kando ya barabara. Kijana anasema sina kitu, anapanda gari kwenda Lodwar, kutoka Lodwar anakwenda Kitale, simu imezimwa. Faini haina wa kuilipa. Unajua kinachobaki faini ikikosekana? Maneno. Wanamsema binti kisimani.

MZEE: Hilo ni kweli.

MAMA: Kwa hiyo usiwacheke sana hao wa Boston.

Nilitamani Mama aendelee, lakini Mwalimu alidakia, naye alikuwa na la kusema. Kenya imekuwa na sera ya kumruhusu msichana aliyejifungua arudi shuleni tangu 1994. Utafiti wa kitaifa wa afya wa 2022 ulikuta asilimia 15 ya wasichana wa miaka 15 hadi 19 nchini wamewahi kupata mimba. Kwa jirani zetu wa Pokot Magharibi ni asilimia 36, na Samburu ni nusu nzima. Tanzania mambo yalikuwa wazi zaidi: Juni 2017 Rais John Magufuli alitangaza jukwaani kwamba chini ya utawala wake hakuna mwenye mimba atakayerudi katika shule ya serikali, na ni Novemba 2021 tu ndipo wizara ya elimu ilipoufungua mlango. Sera ya Kenya ni bora. Lakini sera haiingii darasani pamoja na msichana siku ya kwanza anaporudi, sare ikimbana, wenzake wakitazama kifua chake kilichovuja maziwa. Ile ni alama ambayo hakuna mahakama iliyoitoa. Waliosoma Rosa Mistika ya Euphrase Kezilahabi, iliyotoka 1971, wanajua jinsi fasihi yetu ilivyoligusa jambo hili mapema, na wanajua pia kwamba kitabu chenyewe kiliondolewa shuleni kwa muda. Walioogopa kwamba wasichana watakisoma hawakuogopa kwamba wavulana hawatakisoma.

MTAFSIRI: Sawa. Nimewasikiliza wote, na Mama amenisema mbele za watu, nimevumilia. Sasa mnisikilize. Nikiambiwa nisome zile karatasi tu, hiyo si kazi ya DJ, ni kazi ya mtangazaji wa habari. Watu watalala. Sinema inaenda zaidi ya saa moja na nusu. Kuna yule kinyozi mchekeshaji, kuna yule mama mmbea. Pale nitafanya yangu, mtacheka hadi mkojo. Mume akirudi nitampa sauti nzito. Msituni nitasema polepole.

MAMA: Na jukwaani?

MTAFSIRI: Jukwaani...

MAMA: Jukwaani utazima maikrofoni.

MTAFSIRI: Mama, pale ndipo pesa ilipo! Watu wote wamesimama, mwanamke anaulizwa amtaje mtu, jamaa mwenyewe ndiye anayeuliza. Hata DJ wa jana atajua la kusema pale.

MAMA: Ndiyo maana uzime. Mwanamke amekataa kusema. Kakataa mbele ya gavana, mbele ya kanisa, mbele ya mtu wake. Hiyo ndiyo nguvu pekee aliyo nayo. Wewe utamsemea?

Mimi niko na Mama. Hoja nzuri kuliko zote ya kuiacha sinema hii bubu haitokani na sanaa wala historia. Inatokana na hadithi yenyewe. Hollywood ilipoirudia kwa sauti mwaka 1934, mume akiigizwa na Henry B. Walthall yule yule wa 1926, Hester alipata mdomo unaosikika, na kukataa kwake kukawa sentensi miongoni mwa sentensi. Mwaka 1995 wakaja tena na Demi Moore, wakabadili hata mwisho. Gish anakataa bila sauti yoyote kusikika. Lakini niko na Mtafsiri pia, kwa sehemu nyingine zote. Mtu asiyesoma Kiingereza ana haki ya kujua karatasi imesema nini, na ana haki ya kucheka.

 

KIJANA: Mimi nakubali, kwa sharti. Karatasi zisomwe kwa Kiturkana na kwa Kiswahili, mmoja baada ya mwingine. Na muziki uwe wa hapa. Jukwaani mara zote mbili, kimya.

MWALIMU: Na barua kwa bodi ya filamu tuandike mapema.

MZEE: Hamjaniambia kuhusu mtoto.

MWALIMU: Mtoto gani, mzee?

MZEE: Mtoto! Baba amekufa jukwaani, mama amemshika. Mtoto amekwenda kwa nani? Anakula nini?

MWALIMU: Sinema haisemi. Inaishia pale. Kitabuni yumo. Yule mume, tabibu mkorofi, anakufa kabla mwaka haujaisha, na katika wosia wake anamwachia yule msichana, Pearl, mali nyingi, Uingereza na Marekani. Pearl anakua tajiri, anaishi ng'ambo.

MZEE: Kumbe! Basi faini ililipwa.

MAMA: Imelipwa na asiyedaiwa, mzee. Mumewe ndiye aliyekosewa.

MZEE: Nimesikia. Lakini safari hii imekwenda kwa mtoto, haikwenda kwa babu. Si ndiyo ulikuwa unalia nayo?

MAMA: Ndiyo, mzee. Hapo wameshinda.

MTAFSIRI: Hiyo ndiyo nitaisema mwisho. Skrini ikizima tu, nashika maikrofoni: msiondoke, mtoto alipata mali.

MWALIMU: Haimo katika sinema!

MZEE: Mwache aseme. Unadhani watu wa Nakalale watakwenda kulala bila kuisikia? Watakuja kwako usiku.

MWALIMU: Basi aseme imetoka kitabuni.

MTAFSIRI: Nitasema imetoka kwa Mwalimu.